Sufuria Niliyoisugua Queensbury

Tangu nirudi, kila ninayekutana naye ananiuliza kitu kimoja: ni kweli nilitua Nairobi nimekumbatia sufuria? Ni kweli. Nimechoka kusimulia vipandevipande kwenye simu, kwa hiyo naandika mara moja, nanyi mtapitishiana. Mambo ya viza na makaratasi nayaruka. Yalikuwa ya kuchosha wakati ule na yatachosha zaidi yakisimuliwa.

Wengi wenu mnamjua Dakta Mwende kwenye televisheni: yule mwanahistoria anayeshika kifagio au pasi ya mkaa akaeleza nchi nzima kupitia kitu hicho. Mimi ndiye mtafiti wake. Aliniajiri siku niliposimama ukumbini chuo kikuu nikamwambia mbele ya watu kwamba nusu ya aliyosema hana ushahidi nayo. “Njoo unitilie shaka kabla watazamaji hawajanitilia,” alisema, na hiyo ndiyo imekuwa kazi yangu.

Mwaka huu mkuu wa kituo alimwambia wazi: sehemu moja zaidi. Ikivuta watu, kipindi kinaendelea. Isipovuta, nafasi yetu inapewa shindano la kupika. Dakta Mwende akaweka kila kitu kwenye picha moja iliyotumwa na mtazamaji wa London aitwaye Dinesh: sufuria iliyopinduliwa, nyeusi tititi chini. “Mama yangu alipewa na mama yake alipokuwa bibi harusi, akaja nayo kutoka Kisumu,” aliandika Dinesh. “Hajawahi kuisugua. Masizi hayo ni ya Kisumu.”

Dakta Mwende alipoisoma macho yalimlengalenga. Mimi niliuliza nani ameyapima hayo masizi.

Nairobi hadi mji wa Ghuba

Ndege ya kwanza ilichelewa kwa saa tano. Hakuna aliyetuambia sababu, na mimi nikikosa sababu siwezi kukaa. Nilizunguka ukumbi wa abiria hadi mlinzi akaanza kunisalimia kama jirani. Dakta Mwende alikaa sakafuni, ameegemea ukuta, akimenya karanga za mama mmoja aliyekuwa akimpelekea bintiye aliye nesi Luton. Nusu saa baadaye alishajua mama yule alijifunguliaje watoto wake, nani alimfulia nguo wiki ya kwanza, na ugomvi ulianzia wapi na mawifi.

“Umeona?” aliniambia tulipopanda. “Sijamuuliza swali hata moja. Nimemsaidia kumenya tu. Mikono ya mtu ikiwa na kazi, mdomo hausemi hotuba.”

“Au amekuona kwenye televisheni akataka kukufurahisha.”

“Ochieng, hebu lala.”

Sikulala. Kwenye mji wa Ghuba tulikosa ndege ya kuunganisha, tukapewa tiketi za chakula. Tulipata wali baridi na kuku ambaye sitaki kumzungumzia. Muda wote nilikuwa nikipiga hesabu ya siku. Tulikuwa na siku mbili tu za kurekodi, na moja ilikuwa inayeyukia pale kwenye viti vya plastiki.

Edgware Road

Tulifika London asubuhi, manyunyu yanaanguka, siku moja tayari imekwenda. Mpigapicha wetu alikuwa Kevo, Mkenya wa huko anayerekodi harusi wikendi na kutunza wazee siku za kazi. Tulipangana kukutana kwenye mkahawa wa Kiarabu Edgware Road. Saa tatu alipiga simu.

“Bro, shifti imepitiliza. Wa kunipokea hajatokea, na siwezi kuwaacha wazee peke yao. Nyinyi tangulieni Queensbury, nitawapata huko huko.”

“Utafika saa ngapi?”

“Dakika kidogo tu.”

Kumbe mtu anaweza kukaa London miaka kumi na moja na dakika zake zikabaki za Nairobi.

Tuliagiza maharagwe ya kuponda, mikate ya moto na chai ya mnanaa. Nikaanza kulalamika: kwamba tumevuka bahari kwa ajili ya masizi, kwamba kila familia iliyohama ina kitu kimoja inachokiabudu, na hadithi za vitu hivyo zinafanana mno kuwa kweli. Meza ya pili alikaa mzee wa Kiomani, kanzu nyeupe na koti zito juu yake. Akageuka.

“Sufuria hiyo ya Queensbury mnauza bei gani?”

 Kiswahili cha Unguja, laini, kama hajawahi kutoka nyumbani.

“Hatuuzi, mzee wangu,” Dakta Mwende alijibu. “Tunakwenda kuionyesha kwenye televisheni.”

“Sufuria? Kwenye televisheni?” Akamwita mhudumu amwongezee chai, akasogeza kiti chake kwetu bila kuomba. “Mimi mtoto wa Unguja. Maskati nimekaa zaidi ya nilivyokaa kwetu, lakini kugombana nagombana kwa Kiswahili. Haya niambieni, sufuria za kwenu bara haziazimwi?”

“Zinaazimwa,” nilisema.

“Basi kuna cha kuonyesha gani? Mama yangu zake alizitia nukta mbili za rangi nyekundu chini. Harusi ikesha kwisha, uwani wanawake wameinama wote, kila mmoja anapindua sufuria anatafuta alama yake. Pale ndipo utajua nani mwizi.” Akacheka mpaka akapaliwa. “Na nyengine hazirudi ng’o.”

Dakta Mwende alitoa daftari akaandika. Mimi nilitazama saa.

Njia ndefu ya Queensbury

Dakta Mwende alikuwa na hakika kwamba Queensbury ni Harrow, kwa hiyo tukapanda treni ya Metropolitan kutoka Baker Street hadi Harrow, tukashuka, tukamuuliza Mhindi mmoja wa duka la mboga. Akatusikia tukizungumza, akajibu Kiswahili cha Kampala chenye kutu kidogo.

“Mmepita! Mngepanda Jubilee, ile ya rangi ya kijivu. Sasa mtarudi na basi.”

“Mbali?” niliuliza.

“Mbali hapana. Polepole ndiyo.”

Kabla hatujaondoka alitulazimisha kununua mihogo, eti hatuwezi kuingia nyumba ya watu mikono mitupu. Tukapanda basi na mihogo yetu. Nyumba zilipita mbili mbili zimegandana, kila mbili zina bustani moja ndogo mbele na gari moja kubwa mno. Nilimuuliza Dakta Mwende tutafanya nini ikiwa mama huyu ataikariri hadithi yake kama shairi la shule.

“Tutamtafutia kazi ya mikono.”

“Na ikiwa hadithi yenyewe ni ya uongo?”

“Basi tutarekodi uongo, na tutasema ni uongo.”

“Halafu shindano la kupika.”

 Alikumbatia mihogo akatazama nje. Hapo ndipo nilipojua kwamba naye anaogopa.

Queensbury

Dinesh alitufungulia. Ni mtu wa miaka sitini hivi, mhasibu mstaafu, fulana ya sufi, Kiswahili chake cha Kisumu alichoondoka nacho akiwa mtoto na kukipiga msasa kwa kutazama kipindi chetu. Mama yake, ambaye nyumba nzima humwita Ba, yaani mama kwa Kigujarati, alikuwa jikoni: mfupi, sari ya pamba, soksi nene, viatu vya manyoya. Alituona, akaiona mihogo, akaichukua kwanza.

“Karibu. Kaa. Kula.”

“Mama, tumechelewa,” nilisema. “Labda tungeanza na maswali machache wakati tukimngoja wa kamera.”

“Kamera iko na tumbo? Haina. Itangoja.” Akanitazama juu hadi chini. “Wewe umekonda kama mwiko. Kaa.”

Tulikula maharagwe ya nazi, mahindi ya mchuzi wa karanga, mihogo yetu wenyewe iliyokaangwa na kunyunyizwa pilipili na ndimu, chapati zinazofika mezani kabla hujamaliza ya kwanza. Chai ilikuwa ya maziwa matupu na tangawizi. Kila nilipofungua mdomo kuuliza, kijiko kilishuka kwenye sahani yangu. Dakta Mwende alikula kwa utulivu wa kuudhi.

Kevo alipiga: bado dakika kidogo. Ba akapanda juu kusali na kujinyoosha. Dinesh na Dakta Mwende wakatoka nje kumwekea Kevo nafasi ya kuegesha gari. Nikabaki peke yangu, nimeshiba, sina la kufanya, na siku ya mwisho inakwenda.

Sasa, mama yangu mnamjua. Nyumbani kwetu Nakuru hukuweza kuondoka mahali ulipolishwa ukaacha vyombo. Na sufuria haikuhesabiwa imeoshwa mpaka chini yake uone meno yako. Tulikuwa wavulana watatu, hakukuwa na dada wa kusingizia. Dinesh ana mashine ya kuosha, lakini mimi mashine siiamini na sufuria hata kidogo. Nikakunja mikono ya shati.

Niliosha vikombe. Niliosha sahani. Nikafika kwenye sufuria iliyopikiwa maharagwe, nikaipindua, nikaona chini ni nyeusi. Moyoni nikasema, maskini, mama wa watu amezeeka, hana tena nguvu za kusugua. Chini ya sinki kulikuwa na waya wa kusugulia na unga wa kusafishia. Nikaanza.

Najua mnachotaka kuuliza. Najiuliza pia. Kwenye ile picha hakukuwa na kitu cha kulinganishia, nami nikawa na sufuria kubwa kichwani, ya kupikia harusi. Hii iliingia mapajani. Tena nilishaona kabati la kioo sebuleni limejaa vyombo, nikaamua sufuria ya historia imo humo, imefungiwa. Mimi mwenye kutilia shaka kila kitu sikutilia shaka hilo: kwamba kitu cha thamani hakipikiwi maharagwe.

Masizi yalikuwa magumu. Nilisugua karibu saa nzima, nikimuwaza Kevo, mkuu wa kituo, mshahara wangu. Maji yalitoka meusi, kisha kijivu, kisha meupe. Sufuria ikang’aa. Nikaisimamisha dirishani nikajisifu.

Mlango ukafunguliwa. Dinesh aliingia, Dakta Mwende nyuma yake, na nyuma kabisa Kevo, bado na sare ya kazi, begi la kamera begani.

Dinesh aliitazama sufuria. Akaitazama sinki. Akakaa chini kwenye kigoda, polepole, kama mtu aliyeambiwa habari ya msiba.

“Sema si hiyo,” nilisema.

“Ni hiyo.”

Hakuna aliyepaza sauti. Afadhali wangepaza. Dakta Mwende aliinama, akachovya kidole kwenye maji machafu yaliyobaki, akakitazama. Kipindi chetu kilikuwa kwenye kile kidole.

“Ochieng,” alisema. “Wewe ulitaka ushahidi.”

Jikoni, mara ya pili

Tulisikia viatu vya manyoya vikishuka ngazi. Nilitaka kutoka na mlango wa nyuma. Badala yake nikaishika sufuria kwa mikono miwili nikasimama mbele ya Ba.

“Mama, nimekukosea. Nimeisugua. Sikujua.”

Alinitazama mimi kwanza. Kisha akaichukua, akaipindua, akapitisha kiganja chini. Muda mrefu. Kiganja kikasimama. Akakirudisha nyuma, akatumia ncha ya kidole, akaisogeza sufuria karibu na dirisha.

“Dinesh. Miwani.”

Nami nikaona. Mahali nilipokuwa nikisugua kwa hasira bila kutazama kulikuwa na vidoti vilivyotobolewa kwa msumari, vimepangwa kuwa herufi. Mama yangu hutoboa zake vivyo hivyo, jina lake na la mtaa, ili zikienda msibani zirudi.

Ba alisoma kwa sauti. “Mama Rosa.”

 Dakta Mwende alimtazama Kevo tu, na Kevo akainua kamera, taa nyekundu ikawaka.

“Ba, Mama Rosa ni nani?” Dinesh aliuliza.

“Nyuma ya duka letu. Alikuwa anauza uji, anapeleka kwa mafundi. Rosa msichana wake, mdogo, hivi.” Alionyesha urefu wa meza. Alikuwa amechukua kitambaa, anaikausha sufuria, anazunguka, anazunguka. “Siku ya mwisho vyombo vyangu vyote viko ndani ya sanduku. Watu wamekuja kuaga, wote wanataka kula. Nikaenda kwa Mama Rosa, nikasema, nipe sufuria. Akasema, chukua, rudisha kesho. Nimepika. Asubuhi lori imekuja mapema, baba yako anapiga kelele, haraka, haraka. Nani aliitupa ndani ya sanduku, sijui. Labda mimi.”

“Lakini ulituambia ulipewa na mama yako,” Dinesh alisema.

“Nilifungua sanduku hapa London, nikaona chafu, nyeusi. Nikalia. Sikuosha. Halafu watoto wameuliza, nikasema kitu. Mwaka wa pili nikasema tena. Sasa hata mimi nimeamini.”

Dinesh alisimama mbele ya kamera, mkono juu ya lenzi. “Hii msionyeshe. Nisamehe, Daktari, lakini watu watasema nini? Wahindi walikimbia na sufuria ya muuza uji? Waonyeshe kabati. Ndani kuna birika ya babu.”

“Birika imefanya nini?” Ba aliuliza.

“Ba, tafadhali.”

“Toa mkono. Mimi nasema.” Akamgeukia Dakta Mwende. Macho yalikuwa makavu kabisa. “Utaonyesha. Lakini si kabla sufuria haijarudi. Kitu cha mtu hurudi kwanza, maneno baadaye. Kama haikurudi, usionyeshe hata kidogo.”

“Mama, miaka yote hiyo,” nilisema. “Mama Rosa huenda hayupo.”

“Rosa yupo.”

“Unajuaje?”

“Sijui. Wewe ndiyo utajua. Wewe uliosha.”

Akafungua kabati, akatoa pakiti ya sukari, akaiweka ndani ya sufuria na kukandamiza kifuniko. Nilifikiri kueleza kwamba Kenya kuna sukari. Lakini mama yangu pia hawezi kurudisha chombo cha mtu kikiwa kitupu, kwa hiyo nikanyamaza, na nadhani ndiyo mara yangu ya kwanza kunyamaza safari nzima.

Kurudi

Uwanja wa ndege waliitoa sufuria kwenye mashine mara mbili. Ofisa kijana aliifungua, akaona sukari, akanitazama kama ningeweza kuwa na maelezo marefu. Nilikuwa nayo. Aliniambia niende tu.

Nilikataa kuiweka juu, nikasafiri nayo mapajani. Dakta Mwende alikuwa amekwisha zungumza na kituo: tulikuwa na siku nane kabla ya kurusha kipindi. Bila Rosa hakuna ruhusa ya Ba, bila ruhusa hakuna kipindi. Nilimuuliza je, tungeonyesha tu? Mama yuko Queensbury, nani angejua?

“Wewe,” alisema, akavuta blanketi hadi kidevuni.

Kisumu

Kule nyuma ya duka sasa pana ghorofa la simu na vioo. Siku tatu nilizunguka na sufuria ndani ya mfuko, watoto wakiniuliza nauza nini. Nilimtafuta Rosa kanisani, sokoni, kwa mafundi. Nilipata Rosa wanne, na wa tatu wao alikuwa tayari kabisa kuwa Rosa wangu mara aliposikia neno televisheni. Nilimshukuru nikaondoka. Siku ya nne fundi mzee wa baiskeli alikumbuka uji. Akanielekeza mtaa wa Manyatta, kwa mwalimu mstaafu.

Rosa alikuwa akichambua mboga. Sikumwambia kitu. Nilikaa, nikavuta fungu la mboga nikaanza kuchambua nami, kisha nikaitoa sufuria. Nikiri kwamba nilifanya hivyo makusudi, kama Dakta Mwende. Nilitaka kuona kama atajisemea mwenyewe.

Aliipindua kabla hata hajaifungua. Kidole kilikwenda moja kwa moja kwenye vidoti.

“Hiyo ‘s’ niliitoboa mimi,” alisema. “Imekaa upande. Mama alinichapa.”

Nikamweleza yote. Alisikiliza akiwa ameishika kifuani. Nilipomaliza alicheka kidogo, kisha kicheko kikageuka.

“Mama aliamini Mama Ouma ndiye aliyeichukua. Yule wa chumba cha pili. Mama Ouma akasema mama mwenyewe ndiye aliyempa Mhindi; mama akamjibu, hapana, Mhindi aliirudisha mlangoni, wewe ukaiokota. Hawakusemezana tena. Mama amekufa hawajasemezana. Na Mama Ouma alihama nasi huku Manyatta, nyumba ya tatu, hatusalimiani hadi leo, sisi watoto.”

Niliushika mfuko wenye simu. Dakta Mwende aliniagiza nirekodi kila kitu. “Mwalimu,” nilisema, “naweza kupiga picha ukiwa nayo?”

“Ngoja.” Alikwisha simama. “Na usinifuate.”

Akatoa pakiti ya sukari, akanipa nishike, akatoka na sufuria. Nilikaa na mboga na sukari ya Queensbury. Nilisikia mlango ukigongwa, kisha sauti mbili za wanawake kwa pamoja, sikujua kama ni ugomvi au kilio. Nilikuwa na maswali thelathini. Nilichambua mboga zote.

Alirudi mikono mitupu.

“Sufuria iko wapi?”

“Wameiazima. Wana wageni. Watarudisha kesho.”

Nilimpigia Dakta Mwende nikamwambia sufuria imefika kwa mwenyewe na imeondoka tena, na kwamba sina picha hata moja. Alicheka sana. Kisha akauliza kwa sauti ndogo zimebaki siku ngapi. Tatu.

Kesho haikuja. Keshokutwa, saa nne asubuhi, mwanamke wa umri wa Rosa, binti wa Mama Ouma, aliingia uwani bila kubisha, akaiweka sufuria mezani, akakaa, akaomba chai. Niliinyanyua nikachungulia chini yake. Nilipokuwa London niliacha ukanda mdogo mweusi ukingoni, waya haukufika. Sasa haukuwepo.

“Nani alisugua hii mara ya kwanza?” mwanamke aliuliza.

“Mimi.”

“Uliacha hapa.”

Niliwapiga picha wote wawili wakinicheka, sufuria katikati, nikaituma Queensbury pamoja na habari yote ya kuazimwa. Baada ya muda Dinesh alipiga, akamkabidhi mama yake simu.

“Kijana. Hao waliazima, walirudisha na nini ndani?”

“Mayai matano, Ba.”

Nilimsikia akipumua.

“Sasa onyesha.”